Nisaini fidia ya shamba au nigomee? Naombeni ushauri wenu

MwanaUsagara: Wakubwa shikamooni, wengine habari za jioni. Wiki ya pili hii usingizi hauji.

Nina shamba upande wa Misungwi, ekari mbili na nusu. Kuna miembe 14 na mihogo. Mradi unapita katikati, ni mradi gani nisiutaje. Wathamini walikuja mwaka jana, wakapima, wakahesabu miti, nikapigwa picha nimeshika kibao chenye namba. Sasa majedwali yamerudi na Jumatatu tunaitwa kusaini kwa mtendaji. Hela niliyoandikiwa, hata nikijumlisha na posho ya makazi, hainunui kiwanja cha maana Kisesa. Mjumbe anasema ukigoma mradi haukusubiri. Mimi maendeleo siyapingi, ila niondoke na nini?

Ngosha77: Saini, chukua chako. Serikali haishindwi na miembe 14.

Kamba_na_Futi: Ngosha, usimtishe mwenzako. Nimefanya kazi ya uthamini miaka mingi. Mkuu, fidia ina mafungu yake: thamani ya ardhi, thamani ya ulichoendeleza juu yake (miti, jengo, kisima), posho ya usumbufu, usafiri, makazi, na faida uliyopoteza kama ulikuwa na biashara. Omba uonyeshwe kila fungu peke yake, usisaini jumla usiyoielewa. Kuna haki ya kupinga, na pingamizi liandikwe. Malipo yakichelewa zaidi ya miezi sita riba inahesabiwa, na uthamini ukifikisha miaka miwili bila kulipwa unarudiwa upya. Sasa nijibu moja: jina lililoandikwa kwenye jedwali ni la nani?

MwanaUsagara: Asante mkuu. Kwa hiyo mwembe mmoja unathaminiwaje? Yangu mingine ni mikubwa sana, ilipandwa zamani.

SatoMbichi: Mimi nasema kwa pande zote mbili. Mke wangu alishikwa na uchungu tukiwa kwenye foleni ya kivuko Busisi, usiku, mvua inanyesha. Kwa hiyo daraja la Kigongo–Busisi lilipofunguliwa Juni 2025, kilomita tatu juu ya maji, nililia kama mtoto. Asiniambie mtu miradi isipite. Lakini mama yangu mzazi aliuza samaki wa kukaanga pale kwenye foleni tangu nasoma shule ya msingi. Foleni imeisha, na wateja wameisha. Hakuwa na fremu wala kipande cha ardhi, alikuwa na beseni na jiko, na beseni halina mahali pa kuandikwa kwenye jedwali. Siku hizi namtumia mimi, na najua inamuuma kupokea.

Ngosha77: Pole sana kwa bi mkubwa. Ila uzi unahusu miembe.

Kamba_na_Futi: MwanaUsagara, swali langu hujalijibu. Jina la nani?

MwanaUsagara: Jina langu. Shamba alituachia mzee, alifariki 2016. Mirathi hatukufungua kwa sababu hakukuwa na ugomvi. Mimi ndiye mtoto wa kiume peke yangu, dada zangu wawili wameolewa. Tena ni mimi niliyekuwa nafukuzana na wathamini juani, mwingine hakuja. Na nimeshatoa arabuni ya kiwanja Kisesa, mwenye kiwanja ananipigia kila siku. Naombeni mnishauri kuhusu bei, mambo ya familia tutayamaliza wenyewe.

MamaWaNyegezi: Mwanangu, hapo ndipo palipo na ushauri wenyewe. Unailalamikia serikali isikupunje, na wewe umewafuta dada zako kwa kalamu moja! Sheria ya Ardhi ya 1999, na ile ya Vijiji ya mwaka huohuo, zinampa mwanamke haki sawa na mwanamume ya kumiliki. Na mila unayojificha nyuma yake ilishajibiwa hapahapa Mwanza. Mwaka 1990, Mahakama Kuu, Jaji Mwalusanya alisema mwanamke wa Kihaya aliyerithi ardhi kwa baba yake anaweza kuiuza kama mwanamume, na mila inayomzuia inapingana na Katiba. Mimi mwenyewe kaka zangu waliniambia "wewe una kwenu kwa mumeo". Mume alipofariki, kwetu hakukuwa na mlango. Nimepanga chumba mpaka leo.

Ngosha77: Mama, lakini kijana ndiye aliyehangaika.

Darubini_Ilemela: Wakuu, mnapoteza muda, hii chai. Rudini juu msome. Anasema ana shamba la miembe na mihogo, halafu anasema ameandikiwa posho ya makazi. Ardhi isiyokaliwa na mtu hailipwi posho ya makazi. Ile ni kodi ya miezi 36 kwa mtu anayehamishwa kwenye nyumba yake. Nyumba umeitoa wapi? Umetunga.

Kamba_na_Futi: Darubini yuko sahihi kuhusu posho. MwanaUsagara, eleza.

SatoMbichi: Kimya. Uzi ufungwe.

MwanaUsagara: Sijatunga. Nyumba ipo. Vyumba viwili, ya matofali ya kuchoma. Anakaa dada mkubwa na watoto watatu. Nilisema wameolewa, ni kweli aliolewa, mumewe alifariki akarudi nyumbani. Siku ya wathamini alikuwa gulioni, nikasimama mlangoni na kibao mimi. Nilipanga nikilipwa nimpe kitu. Sikuandika mwanzoni kwa sababu nilijua mtaniambia nini.

MamaWaNyegezi: "Kitu" ni shilingi ngapi, mwanangu?

Kamba_na_Futi: Sawa, tuache bei. Jumatatu usisaini. Mwambie mtendaji hilo ni shamba la marehemu na mirathi haijafunguliwa. Itisheni kikao cha ukoo, dada zako wote wawili wawepo, mwandike muhtasari, mwende Mahakama ya Mwanzo iteue msimamizi. Jedwali lisahihishwe, na ionekane kwenye maandishi nani alikuwa anakaa kwenye nyumba. Ukisaini kama ulivyo, siku dada yako akienda mahakamani wewe ndiye utakayeulizwa.

MwanaUsagara: Na arabuni?

Ngosha77: Mimi nirudishe maneno yangu. Ongea na mwenye kiwanja, mwombe muda. Akikataa, hiyo imekwenda.

MwanaUsagara: Kesho Jumapili napanda gari la asubuhi. Nitamweleza dada kwanza, kabla ya mtendaji.

Mkulima_Magu: Samahani kuingilia. Kwetu kaburi la mama limo ndani ya alama zao. Hapo anasaini nani?

Kamba_na_Futi: Pole. Makaburi yana sheria yake, ya mwaka 1969. Fungua uzi, nitakuja huko.