Tupeane uzoefu: bwawa likija, nini hupotea?

Mwenye uzi, Changamwe
Maji ya mfereji Mombasa yote ni ya kuletwa: Mzima, Marere, Baricho, Tiwi, na sasa bwawa la Mwache kule Kinango. Nyinyi mnaoshughulika na wanaohamishwa, mambo huharibikia wapi?

Msaidizi wa sheria, Mariakani
Kwenye hati, kabla hata ya bei. Shamba bado liko kwa jina la babu aliyekwisha kufa, wajukuu wamejaa. Bila mirathi kuthibitishwa kortini (Waislamu kwa Kadhi), fidia hailipiki. Mkiwaona wapimaji tu, fungueni mirathi, msingoje Gazeti Rasmi. Tangazo la kikao cha kusikiza madai hutoka angalau siku 15 kabla. Dai la maandishi lifike Tume ya Ardhi kabla ya kikao au siku ile ile. Kanuni za 2017 zaongeza asilimia 15 ya usumbufu juu ya bei ya soko, hakikisheni imo. Minazi ihesabiwe mmoja mmoja, inayozaa mbali na miche, na nakala ya hesabu ibaki kwenu. "Miti mbalimbali" kwenye fomu ni wizi wa kistaarabu.

Mzee wa Kinango
Ongeza makaburi. Kaburi lahamishika kwa ada zake, lakini kigango (nguzo ya mbao ya kumkumbuka mzee aliyekufa) kikishasimikwa haking'olewi. Mthamini hana safu ya hilo kwenye fomu yake, basi wazee waliandike wenyewe.

Abu Garsen
Nyote mwasema ya juu ya ukuta wa bwawa, mto utokako. Huku Tana mabwawa matano yalijengwa kati ya 1968 na 1988, na hasara kubwa iko chini ya ukuta, mto uendako. Mpokomo hulima mpunga kwa mafuriko, na Muorma hushusha ng'ombe deltani wakati wa kiangazi. Tope lenye rutuba hunaswa bwawa la Masinga. Maji yakitoka bila tope hula kingo. Mafuriko yakipungua, misitu ya kingoni, makao ya mbega wekundu, hukosa maji ya chini ya ardhi. Huku chini hakuna aliyehamishwa, kwa hivyo hakuna aliyehesabiwa.

Mvuvi, Port Reitz
Na mto Mwache wamwagika kwetu. Maji matamu yakikatwa, chumvi hupanda horini, mikoko hudumaa, na kamba wachanga hukosa malezi. Msikubali ahadi ya "maji kidogo mwaka mzima". Daini ratiba ya kufungulia maji msimu wa masika na wa vuli, kwa kiasi kilichoandikwa ndani ya leseni ya mazingira. Leseni ikitoka bila hayo, rufaa kwa Baraza la Mazingira (mahakama ya rufaa za mazingira, NET) ni ndani ya siku 60.