Ukoo wa Bombo: ile faili ya Mjomba

Mjomba: Wanangu, nimepata Netflix ya bure. Faili hii hapa. Wanasema ufute kwanza ile ya zamani ndipo hii ikubali.

Shangazi wa Arua: Weebale sana kaka. Mwezi huu bando limenimaliza.

Hamida: Shikamoo Mjomba. Shangazi, nakuomba usiiguse!

Mjomba: Marahaba. Mbona ina alama ileile nyekundu?

Hamida: Alama mtu yeyote anabandika. Kilichonishtua ni hilo la kufuta ya zamani. Kila programu ya Android ina saini ya aliyeitengeneza. Ikija nyingine yenye jina lilelile la ndani, com.netflix.mediaclient, lakini saini si yake, simu inakataa kuiweka juu ya ile halisi. Ndiyo maana wanakutuma uiondoe kwa mkono wako, simu isiwe na cha kulinganisha.

Siraji: Mimi juzi nililetewa "filamu.mp4.apk".

Hamida: Tazama herufi za mwisho kabisa. Apk ni programu. Video huchezwa, haiombi kuwekwa kwenye simu.

Mjomba: Mimi nimeshaiweka. Ikaomba kusoma meseji na arifa, halafu Ufikivu (Accessibility). Hapo nikasita.

Hamida: Alhamdulillahi umesita! Sinema haina kazi na meseji zako. Humo ndimo zinamoingia namba za kuthibitisha za benki. Na ukiipa Ufikivu, inaona kilicho kwenye skrini na kubonyeza badala yako. Zima data sasa hivi, ingia Mipangilio, Programu, iondoe. Kisha badilisha namba ya siri ya MoMo, yaani pesa zako za simu, ukitumia simu nyingine.

Shangazi wa Arua: Kwa hiyo tuchukue Play Store peke yake?

Hamida: Ndiyo Shangazi, na huko pia usome jina la aliyeitoa. Mwaka 2021 Check Point, kampuni ya usalama wa mtandao, waliikuta programu ya FlixOnline mlemle Play Store, ikijifanya ya Netflix. Iliomba arifa, kama hii ya Mjomba, ikawa inajibu meseji za WhatsApp za mwenye simu na kuwatupia wenzake linki. Google wakaiondoa.

Mjomba: Nimeitoa. Lakini asubuhi niliituma kwenye kikundi cha msikiti.

Hamida: Ifute kwa wote, Mjomba, na uwaambie walioifungua.

Mjomba: Nampigia imamu sasa hivi, awatangazie baada ya Isha.