Mpwa wangu anataka kusomea bunraku (maigizo ya vikaragosi ya Kijapani) Osaka, itamgharimu nini?

Mama Nuru: Habari zenu wakuu. Kijana ana miaka 21, amekulia Osaka na Kijapani anakijua vizuri. Anataka kuwa mwendesha vikaragosi. Masomo najua ni bure. Mengine je?

Mtalawanda: Shikamoo mama. Hesabuni umri kwanza. Kozi ya Ukumbi wa Taifa wa maonyesho wa Japani, iliyoanza 1972, ni ya miaka 2, inachukua wanaume tu, na kikomo ni takriban miaka 23. Asichelewe kuomba. Ila akimaliza ndiyo kwanza anaanza. Karagosi moja huendeshwa na watu watatu, na wenyewe husema miguu miaka 10, mkono wa kushoto miaka 10, ndipo ushike kichwa na mkono wa kulia. Kwa hesabu hiyo atavuka 40 akiwa amefunikwa kitambaa cheusi usoni.

Pindo: Kinacholalamika kwanza ni kiuno. Mwendesha kichwa huvaa mitalawanda mirefu ili anyanyuke, na wa miguu hufanya kazi amejikunja chini yake, mikono mbele. Mkono wake hugusa nyonga ya mwendesha kichwa ili ajue hatua kabla haijatokea. Akichoka na kuinuka kidogo tu, karagosi linaelea hewani. Halafu vikaragosi vingi vya kike havina miguu kabisa! Mwendo wote hutengenezwa kwa kufinya pindo la kimono, na ngumi inasukuma kitambaa mahali pa goti.

Mama Nuru: Marahaba wanangu. Akifika kwenye kichwa anapumzika?

Pindo: Hapana mama, maumivu yanahamia mkono wake mwenyewe wa kushoto. Ndio unaoingia mgongoni mwa karagosi na kubeba uzito. Shujaa mwenye mavazi kamili huweza kupita kilo 10, na kifundo hakitulii kwa sababu vidole vya mkono huohuo vinavuta nyuzi za macho na nyusi.

Mama Nuru: Basi awe msimulizi.

Mtalawanda: Huko magoti. Hukaa amekunja miguu chini yake, tumbo limefungwa mkanda, kifuko cha mchanga au maharage ndani ya kimono cha kuegemezea pumzi. Akitoa sauti kooni badala ya tumboni, inakwaruza kabla onyesho halijaisha. Mpiga shamisen (ala ya nyuzi tatu) naye, kucha za kushoto huchimbwa na nyuzi.

Kabla ya fomu, achuchumae nusunusu kwa dakika 20, ameshika ndoo ndogo mbele. Goti likiuma kwa ndani, apimwe kwanza.