Mrejesho: rufaa ya kuongezewa fidia ya ajali

Niliuliza kama fidia ya mguu uliovunjika kwenye ajali ya gari inaweza kuongezwa kwa rufaa. Inawezekana, na asanteni sana mlionijibu, ila kusema hela ni ndogo hakutoshi. Lazima ionyeshwe hakimu alikosea wapi: aliacha ushahidi fulani, alitumia kanuni isiyo sahihi, au kiwango kiko chini mno kikilinganishwa na kesi za majeraha yanayofanana.

Wengi wanakwama kwenye ushahidi, maana mahakama ya rufaa hupokea ushahidi mpya kwa nadra sana. Kwa hiyo ushahidi ukamilike tangu kesi ya kwanza: ripoti ya daktari isiishie "amevunjika mguu". Iandike goti linakunja nyuzi ngapi, mguu umefupika sentimita ngapi, ulemavu wa kudumu ni asilimia ngapi, na kama vyuma vitahitaji upasuaji mwingine wa kuvitoa. Gharama za matibabu na nauli zithibitishwe kwa risiti.

Nakala ya hukumu na mwenendo wa kesi (kumbukumbu za yaliyosemwa mahakamani) iombwe mapema, kwa barua iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Muda wa rufaa ni mfupi. Na jamani, msisaini hati ya bima ya malipo kamili na ya mwisho kabla wakili hajaisoma.