Naomba ushauri: mshtakiwa wa wizi wa pikipiki yangu kaachiwa, naweza kukata rufaa?

Habari zenu wakuu. Pikipiki yangu iliibwa mwaka jana, ikakamatwa kwa jamaa mmoja baada ya miezi miwili. Niliitambua kwa siti tu: niliishona mwenyewe kwa uzi wa nyavu wa bluu. Kesi ikaenda mahakama ya wilaya. Wiki iliyopita hakimu kasema mshtakiwa hana kesi ya kujibu, akamwachia huru.

Kusema kweli, upande wetu ulizembea. Kadi ya pikipiki haikutolewa kama kielelezo, na niliyekuwa nayo mfukoni ni mimi! Namba ya chesisi hakuna shahidi aliyeitaja. Hati ya ukamataji haina sahihi ya shahidi huru. Siti ya uzi wa bluu peke yake ndiyo iondoe shaka?

Nimeambiwa mimi ni shahidi tu, mwenye kesi ni Jamhuri, hivyo wa kukata rufaa ni DPP, yaani Mkurugenzi wa Mashtaka: notisi ndani ya siku 30, rufaa yenyewe ndani ya siku 45. (Ingekuwa mahakama ya mwanzo, mlalamikaji ningekata mwenyewe.) Siku 8 zimeshapita.

Wanasheria, niwaandikie ofisi ya mashtaka barua kuwasukuma? Au kwa ushahidi ule rufaa ni kupoteza muda, bora nifungue madai, ambako kipimo cha ushahidi ni chepesi? Pikipiki bado iko kituoni, na uamuzi haukusema akabidhiwe nani. Hilo ndilo linaninyima usingizi.