Tupeane uzoefu: kuishi nyumba moja bila kusemeshana

Mleta mada: Jana mwanangu wa miaka 7 aliniuliza kwa nini mimi na baba yake tunamtuma yeye kuambiana mambo, ilhali tumekaa sebule moja. Nilikosa jibu, kwa kuwa nami utotoni nilikuwa tarishi wa wazazi wangu, na nilijifunza mapema kupunguza ukali wa maneno kabla ya kuyafikisha. Mliokulia katika nyumba za namna hii, naomba mtueleze yaliyowakuta.

Mchangiaji wa 2: Nimesoma nikajiona. Kwetu wageni walitusifu kwa utulivu.

Mchangiaji wa 3: Baba alipostaafu alinikabidhi mimi hati zake, ingawa mimi ndiye mdogo. Kaka hakulalamika, alianza kuitikia salamu kwa mkato, kisha akaacha kupokea simu zangu. Baada ya miaka 6 baba akaugua, tukamuuguza kwa zamu bila kukutana, na maelezo ya dawa tukiachiana kwenye karatasi. Usiku wa mwisho alituita sote, tukasimama huku na huku mwa kitanda, akamuuliza kaka, “Umemsalimu mdogo wako?” Kaka akajibu kwamba amenisalimu, nami nikaitikia, “Ndiyo, baba.” Hakuwa amenisalimu. Baba alifariki alfajiri, na huu ni mwaka wa 3 hatujasemeshana.

Mchangiaji wa 4: Pole sana. Mpigie simu leo hii, usingoje msiba mwingine.

Mchangiaji wa 5: Sikubaliani nawe. Simu ya ghafla humbana mtu. Amwandikie, kaka apate muda wa kutafakari.

Mchangiaji wa 4: Karatasi waliandikiana tangu mwanzo, ndugu yangu, na hazikuwapatanisha.

Mchangiaji wa 5: Ziliandikwa juu ya dawa, si juu yao.

Mchangiaji wa 6: Tumemsahau mtoto. Mleta mada, ukiwa na neno kwa mumeo, hata liwe dogo kiasi gani, nyanyuka umwambie mwenyewe, maana mtoto anayebeba maneno ya wakubwa hudhani ugomvi umetokana na namna alivyoyafikisha.

Mleta mada: Hivyo ndivyo nilivyodhani mimi. Asante.

Mchangiaji wa 3: Ninyi mnaobishana juu ya karatasi mmenifanya nikazitoe. Moja, chini ya saa za dawa, ina mwandiko wa kaka: “Nawe ulale kidogo.” Wakati ule nilidhani anamwandikia baba.