Nani hasa aliizika jamhuri ya Warumi?

Mzee Kifimbo
Wakuu, salaam. Jana kwenye bao nimebishana na jirani yangu mpaka kahawa ikapoa vikombeni. Yeye anashikilia kwamba Julius Caesar ndiye aliyeiua jamhuri ya Roma, pale Januari mwaka 49 K.K. alipovuka kijito cha Rubicon na jeshi lake, mpaka ambao jemadari hakuruhusiwa kuuvuka na askari. Mimi nasema Caesar alimkuta mgonjwa keshaelekezwa kibla.

Ugonjwa ulianza 133 K.K., siku maseneta na watu wao walipovunja mabenchi wakampiga Tiberius Gracchus, mtetezi wa watu, kwa vipande hadi akafa. Kosa lake? Alitaka ardhi ya umma iliyokaliwa na wakubwa wagawiwe wasio na shamba. Miaka 12 baadaye yakamkuta mdogo wake Gaius. Kisha jemadari Marius akawaandikisha jeshini watu wasio na mali, askari akawa anamtazama jemadari wake kwa kiinua mgongo, Seneti haijui. Mwaka 88 jemadari mwingine, Sulla, akaingiza majeshi ya Roma ndani ya Roma yenyewe. Caesar hapo bado mtoto.

Na wananchi walikuwa wapi? Kimya. Mtu ukishampa kibaba cha ngano ya bure, katiba haimhusu tena.

Leteni hoja.

Kobe wa Mbuyuni
Nimevuta kigoda. Karanga ninazo.

MamaMaandazi
Shikamoo mzee. Nilikuwa nakusoma kwa raha mpaka nilipofika kwenye hicho kibaba, pakanichoma. Huyo unayesema kanunuliwa alikwenda vitani miaka, akarudi akakuta shamba kalichukua tajiri na wanalima watumwa. Akaja mjini, akapanga chumba ghorofa ya juu kabisa, hakuna jiko wala maji, moto ukiwaka chini yeye ndiye wa mwisho kupata habari. Katiba gani hiyo aliyoiuza? Kwenye uchaguzi wa makonsuli, wale wakuu wa serikali, kura zilipigwa kwa makundi 193, matajiri wanaanza, na maskini wote wa Roma wamerundikwa kundi MOJA, la mwisho. Wingi ukishapatikana juu, zoezi linafungwa. Walikuwa wanarudi nyumbani bila hata kupiga.

Jemadari wa Mtaa
Nyie wote mnazunguka mbuyu. Kaisari, huyo Caesar wenu, alikuwa jembe. Kapigana Gallia, Ufaransa ya leo, miaka minane, kaleta mali, Seneti inamwambia avunje jeshi arudi kama raia ili maadui zake wampeleke mahakamani. Nani angekubali? Kilichomponza ni kuwasamehe watu kama Brutus, wakaja kumuua. "Hata wewe, Brutus!" Mtu mkubwa hadi Yesu alimtaja, mlipeni Kaisari yaliyo ya Kaisari.

Mzee Kifimbo
Dada, marahaba. Lakini usinilishe maneno. Sikumdharau maskini, nimesema KIBABA. Nimelelewa na mama aliyekuwa anapima unga kwa kibaba, sihitaji kufundishwa njaa na mtu.

Katekista Mstaafu
Jemadari, kijana wangu, pole pole. Kaisari wa ile dinari ni Tiberius, si yule Gracchus, ni mwingine aliyekuja baadaye. Julius alikuwa ameuawa tangu 15 Machi 44 K.K., majeraha 23, hata Mariamu hajazaliwa. Yule wa Luka 2 aliyetoa amri watu waandikwe ni Kaisari Augusto, mtoto wa kupanga wa Julius. Na hilo la "hata wewe, Brutus" ni la tamthilia ya Shakespeare, ile Mwalimu Nyerere aliyotutafsiria.

Ila bila kujua umegusa penyewe. Kaisari lilikuwa jina la ukoo. Vizazi vichache mbele limekuwa cheo, na hakuna aliyepiga kura ligeuke. Mkijua lini jina liligeuka cheo, mmejua jamhuri ilizikwa lini.

Jemadari wa Mtaa
Sasa mzee kunirekebisha mbele za watu kwa Biblia ndiyo nini? Ungekuja pembeni.

Msomi wa Kijiweni
Kuna jambo mnalipita hivi hivi. Suetonius, aliyeandika maisha ya Makaisari wote hao, anasema Julius alikuwa anazichana nywele za nyuma kuzileta mbele kuficha kipara. Na katika heshima zote alizopewa, hakuna aliyoipenda kama ruhusa ya kuvaa taji la majani muda wote. Mwanaume akishaanza kuficha kipara, kuficha ufalme kwake ni kazi ndogo.

Simba Upara
Kipara kimeingiaje kwenye katiba ya Roma? Mimi nina kipara tangu nina miaka 28, sijafunika na sijampindua mtu.

Kobe wa Mbuyuni
Bado hujapewa jeshi.

Simba Upara
Kobe nakuheshimu. Huyu Msomi ndiye simwelewi. Mtu ana hoja, mwingine anakuja na nywele. Ulifeli historia kidato cha pili ukaona ujifiche kijiweni.

Msomi wa Kijiweni
Nilipata B. Na sikukutaja wewe, ukimwaga mchele penye kuku usilaumu anayedonoa.

Simba Upara
Nani kuku?

Msimamizi wa Zamu
Habari za vipara zifunguliwe uzi wake. Ujumbe 14 nimeshaufuta.

Mwanasheria Kiporo
Jamani mnabishania aliyevunja mlango, aliyehamia ndani hamumsemi. Julius alikosea kitu kimoja cha kitoto: alikubali kuitwa dikteta wa maisha, waziwazi, mwezi mmoja hivi kabla hawajamchoma visu. Octavian, yule mtoto wake wa kupanga, akajifunza. Januari 27 K.K. anasimama mbele ya Seneti anasema narudisha kila kitu kwenu, nimechoka. Maseneta wanamsihi asiwaache. Basi anakubali kubeba "mzigo" wa majimbo machache tu: Hispania, Gallia, Syria. Angalieni ramani, majeshi mengi yalikuwa huko. Wakampa na jina Augustus. Mwaka 23 akaachia ukonsuli, akachukua mamlaka ya mtribuni, yaani mtetezi wa watu, maisha yake yote, bila yeye mwenyewe kuwa mtribuni. Anaweza kuzuia jambo lolote, na mwili wake haugusiki.

Sasa niambieni ni sheria gani aliyofuta. Makonsuli wawili waliendelea kuchaguliwa kila mwaka. Seneti ilikaa. Ukimshitaki, unamshitaki kwa lipi?

Jemadari wa Mtaa
Na hao maseneta waliokuwa wanasihi walikuwa mabwege?

Mwanasheria Kiporo
Walikuwa hai. Wenye ulimi walikwisha 43 K.K., Octavian akiwa na miaka 20 tu, alipokaa na majemadari Antonius na Lepidus wakaandika orodha ya wa kuuawa. Kichwa cha Cicero, msemaji hodari wa Seneti, kilitundikwa pale pale alipokuwa akihutubia, pamoja na mkono aliokuwa akiandikia. Ukiwa umeona hilo, kusihi kunakuja kwenyewe.

Mzee Kifimbo
Mwanasheria ahsante, lakini umenikumbusha jambo la kumaliza ule ubishi wa kibaba. Mwaka 22 K.K. mto Tiber umefurika, chakula hakuna. Watu wa Roma, wananchi hao hao wa dada yetu, wanawafungia maseneta ndani ya ukumbi na kutishia kuwachoma moto wasipomfanya Augustus dikteta. Yeye anapiga goti, anachana nguo yake, kifua wazi, anakataa. Yaani mfalme anawakatalia ufalme, wananchi wanamlazimisha! Sasa nani aliiuza jamhuri?

MamaMaandazi
Mzee umesimulia nusu. Udikteta alikataa, kazi ya kusimamia ngano AKAICHUKUA. Kwa nini? Kwa sababu ndiyo iliyokuwa inatakiwa. Watu walikuwa wanaomba mtu mmoja wa kuulizwa chakula kiko wapi. Makonsuli ni wawili, kila mwaka wapya, kila mmoja anakwambia muulize mwenzangu. Na Misri alikuwa keshaichukua yeye tangu 30 K.K., ngano yote ile, na seneta haruhusiwi hata kukanyaga huko bila ruhusa yake. Mwenye ufunguo wa ghala ni mmoja, wewe unataka watu waende kugonga mlango gani?

Na hiyo "bure" nayo. Gaius Gracchus aliwauzia kwa bei nafuu. Bure ilikuja na mtribuni Clodius mwaka 58. Waliokuwa wanapokea walifika 320,000, na aliyewapunguza hadi 150,000 ni huyo huyo Caesar wenu. Mgawo ni modi tano kwa mwezi, kama kilo 33, anapewa mwanaume mwenye uraia, mke na watoto hawahesabiwi. Gawa kwa siku 30. Ni kilo moja na kidogo, ngano ya punje, bado hujasaga, bado hujanunua kuni. Mimi naamka saa kumi usiku kukanda unga. Hicho kilo, familia ya watu watano, jioni kimekwisha. Hakuna mtu aliyeshiba hapo akasahau katiba.

Kobe wa Mbuyuni
Karanga zimeisha. Endeleeni.

Katekista Mstaafu
Dada kweli tupu. Ila mimi bado nasubiri mtu aniambie jina liligeuka cheo lini.

Jemadari wa Mtaa
MamaMaandazi uko mji gani? Si kwa ubaya, nina njaa.

Mzee Kifimbo
Haya. Kibaba nakiondoa kwenye hoja. Mabenchi ya 133 yanabaki, hayo hamjaniyumbisha. Jirani keshaniita, leo namwambia aliyezika ni Augustus, Caesar ni mchimba kaburi aliyetangulia kuingia mwenyewe.

Simba Upara
Samahani Msimamizi, swali la mwisho, linahusiana na mada. Huyo Augustus nywele alikuwa nazo?

Msomi wa Kijiweni
Alikuwa nazo, za kujikunja kidogo. Na hakuzijali kabisa. Suetonius anasema alikuwa anaita vinyozi kadhaa wamshughulikie kwa pamoja, wakati wao wanakata yeye anasoma au anaandika.